Mafundi wa mtaa mmoja wafanyeje kazi pamoja: anzeni na chuma, mambo ya mwenyekiti baadaye

Ukishuka teksi pale Katwe, Katwe ya Kampala naongelea, si ile ya chumvi kule Kasese, kelele ya grainda, ile mashine ya kukata na kusaga chuma, utaisikia kabla hujaona mtu. Mageti, majiko, sufuria kubwa za shule, mashine za kusaga posho (unga wa mahindi), vitanda vya chuma, vyote vinatoka kwa mafundi waliobanana ukuta kwa ukuta, cheche za huyu zinarukia kwa jirani. Nenda Ndeeba utakuta mbao, nenda Nasser Road utakuta uchapaji, Nsambya utakuta makochi na vitanda vya mbao. Wataalamu wa uchumi mahali kama hapo wanapaita klasta, yaani biashara ndogo nyingi za aina moja zimekaa sehemu moja, na ukiuliza serikali au wafadhili watakuambia klasta ni njia ya kuinua nchi zetu. Sawa, lakini mi niko hapa miaka mingi na nimeona mafundi wakikaa pamoja miaka ishirini na kila mmoja bado anakopa rodi za kuchomelea kila Jumatatu. Kwa hiyo naandika jinsi ya kutoka pale, kwa sababu sisi tumejaribu, tumeanguka, tumeinuka, na naona uchungu kuona vijana wanaanza kwa kosa lilelile.

Naandika kwa Kiswahili manake ndo lugha ya kikundi chetu. Tuna Baganda, Mgisu, Mnubi wa Bombo, jamaa wawili wa Butembo kule Congo na mama mmoja wa Busia anayeuza rangi, Kiswahili ndo kinatukutanisha na ndo tunachohesabia pesa.

Kwanza elewa kitu kimoja. Kuna faida inayokuja yenyewe kwa sababu mmekaa pamoja. Mteja anakuja Katwe hata kama hakujui wewe, diski ya grainda ikiisha unavuka barabara tu, kijana anajifunza kazi kwa kuangalia, jirani ana mashine ya lethi ya kuchonga chuma hivyo huhitaji kununua yako. Hiyo ni ya bure na ndo imetulisha. Mwaka 1972 Waasia walipofukuzwa na spea zikakosekana nchini, mafundi wa huku walichonga wenyewe, na jina la Katwe likakua. Lakini faida hiyohiyo ina upande wa pili: mteja akitoka kwako anaingia kwa jirani, jirani anakata elfu kumi, wa tatu anakata elfu ishirini, mwisho geti linauzwa kwa bei ambayo hata chuma chake hakirudi. Faida ya pili ni ile ya kufanya kitu pamoja kwa makusudi, na hiyo haiji yenyewe hata mkae pamoja miaka hamsini.

Mfano ninaoupenda ni Sialkot, mji wa Pakistan. Pale wanatengeneza vyombo vya upasuaji na mipira ya miguu, karakana ndogondogo nyingi tu, nyingine za familia. Miaka ya 1990 Marekani ilizuia vyombo vyao kwa sababu ya ubora, na fundi mmoja peke yake angefanya nini hapo? Wakaungana kupitia chama chao, wakabana serikali yao, wakaleta mtaalamu wa kuwafundisha viwango, soko likafunguka tena. Wafanyabiashara haohao baadaye walichanga pesa zao wakajenga uwanja wa ndege wa kimataifa, ulifunguliwa 2007. Mpira wa Kombe la Dunia 2014 ulitoka huko. Sisemi tujenge uwanja wa ndege kesho, nasema watu wa karakana ndogo kama sisi waliweza kukaa meza moja ingawa kila siku wanagombania wateja.

Sasa kazi yenyewe.

Usianze kwa kuita mtaa mzima. Ukiita watu arobaini utapata hotuba, utapata soda, utapata mwenyekiti na makamu na katibu na mweka hazina, halafu mwezi wa tatu hakuna mtu. Tafuta watano mpaka wanane. Zunguka na daftari wiki nzima, andika nani anatengeneza nini, ana mashine gani, vijana wake ni wangapi. Kisha angalia tabia: fundi ambaye vijana wake hawamkimbii, maana yake anawalipa. Fundi ambaye ukimwazima grainda inarudi na waya wake mzima. Fundi ambaye muuza chuma anampa mali bila kumkunjia uso. Ufundi mzuri peke yake hautoshi, tuna fundi hapa mkono wake ni dhahabu lakini kila dipoziti ya mteja anaila kabla ya kununua chuma, huyo usimchukue hata kama ni ndugu yako, na hasa kama ni ndugu yako kwa sababu siku ya kumtoa utashindwa.

Mkishakuwa wachache, chagueni kitu kimoja tu cha kufanya pamoja, na kwa watu wa chuma kitu hicho ni kununua. Kila mmoja anakwenda duka la rejareja kuchukua bomba tano za mraba, analipia boda au mkokoteni, na bei ni ya rejareja. Tuseme bomba moja dukani ni shilingi 48,000 za Uganda, mkienda depo, yaani ghala la jumla, mkachukua bando nzima (furushi zima) inashuka mpaka 44,500. Watu sita kila mmoja bomba 20 kwa wiki, hizo ni bomba 120, umeokoa 420,000 kwa wiki moja na lori linakuja mara moja. (Bei zinabadilika, piga hesabu na za siku hiyo.) Uzuri wa kununua pamoja ni kwamba mtu anaona faida wiki hiyohiyo, hakuna kusubiri mradi, na mtu akidanganya anajulikana wiki hiyohiyo pia.

Jinsi tunavyofanya: Jumamosi jioni kila mtu anaandika mahitaji yake na anatoa pesa, taslimu au mobail mani, hakuna pesa hakuna jina kwenye orodha, hata kama mtoto anaumwa, na hapa msione huruma kwa sababu mkimkopesha mmoja wiki ya kwanza, wiki ya tatu mnakopesha wote. Kama ana shida kweli kuna sanduku, nitafika huko. Jumatatu wawili wanakwenda depo, si mmoja, na wawili hao wanabadilishana kila wiki. Wanakwenda na vernia, kile kifaa cha kupima unene wa chuma. Hii nasema kwa herufi zote, nendeni na vernia, kwa sababu bomba inayoitwa milimita 1.5 ukiipima unakuta 1.2, na huwezi kuona kwa jicho wala kwa uzito wa mkono. Pima bomba tatu nne katikati ya bando mbele ya muuzaji. Risiti inapigwa picha na kuwekwa WhatsApp ya kikundi kabla lori halijaondoka.

Fanyeni hivyo tu miezi mitatu. Najua mtu atasema mbona polepole, lakini miezi mitatu ya kuhesabiana pesa ndogo ndo inakuonyesha nani unaweza kumwachia pesa kubwa.

Bei

Hapa ndo watu wengi wanakosea. Wakishakuwa kikundi wanasema tupange bei moja, geti la aina hii lisishuke hapa. Nimeona ikijaribiwa, haidumu hata mwezi, usiku mtu ana deni la kodi ya nyumba, mteja anakuja na pesa mkononi, anashusha. Halafu pia sasa Uganda kuna sheria ya ushindani ya 2023, kupangiana bei si kitu cha kuchezea. Kinachofanya kazi ni kukaa chini pamoja na kuandika gharama ya kitu kimoja mpaka mwisho. Tulichukua kitanda cha dabo deka cha shule, kile cha juu na chini, tukaandika: chuma, rodi, diski, rangi ya chini na ya juu, Yaka (umeme wa kulipia kabla), vijana, chakula cha vijana, kodi ya karakana, na uchakavu wa mashine. Fundi mmoja mzee, tunamwita Mzee tu kwa heshima, alipoona jumla alinyamaza kabisa, kwa sababu alikuwa anauza chini ya jumla hiyo kwa muda mrefu na alidhani anapata faida, kumbe alikuwa anakula mashine yake. Wengi wanaoshusha bei hawana roho mbaya, hawajui gharama yao. Mkishajua, hakuna haja ya kulazimishana, mtu mwenyewe anaogopa kushuka.

Oda kubwa

Sababu halisi ya kuungana ni hii. Shule inataka vitanda 300 kabla ya muhula kufunguliwa Februari. Karakana moja yenye vijana watatu inatoa vitanda vinne kwa siku, ni siku 75, haiwezekani, kwa hiyo oda inakwenda kwa kampuni kubwa au kwa dalali ambaye anakuja kutugawia sisi vipande kwa bei ya kutupa. Karakana sita zinatoa 24 kwa siku, wiki mbili na siku moja au mbili, umemaliza.

Lakini ngoja niseme tulivyoanguka. Oda yetu ya kwanza ya pamoja ilikuwa vitanda 120, shule moja ya sekondari, karakana tano. Kila mmoja alipewa sehemu yake ya dipoziti akanunua chuma chake mwenyewe, tulidhani hiyo ni heshima, kila mtu ajitegemee. Wawili wakanunua bomba nyembamba. Mmoja alijua, mmoja hakujua. Wiki ya tatu ya muhula kitanda cha juu kikapinda, kwa neema ya Mungu hakuna mtoto aliyeumia, bursa, yaani mtunza pesa wa shule, akapiga simu, vitanda 22 vikarudishwa kwa lori na tukalipia sisi lori. Vikashushwa pale barabarani mbele ya watu na hakuna aliyekubali kwamba ni vyake, kwa sababu vyote ni vyeusi na vyote vinafanana. Tulivitengeneza upya kwa mifuko yetu, hata wale ambao kazi yao ilikuwa safi, na kikundi kilikaribia kufa pale. Mi sikulala siku kadhaa, nikiwaza yule mtoto ambaye angekuwa chini.

Baada ya hapo tulibadilisha mambo matatu na mpaka leo hayajadiliwi. Chuma cha oda ya pamoja kinanunuliwa pamoja na kinakatwa mahali pamoja, karakana inapokea vipande vilivyokatwa na kuhesabiwa, kazi yake ni kuunga tu. Kwa hivyo hakuna nafasi ya kuweka bomba nyembamba, na hakuna kugombana nani alipata chuma bei gani. La pili ni jigi, yaani fremu ya chuma nzito ambayo unaweka vipande ndani yake kabla ya kuchomelea ili kila kitanda kitoke na kipimo kilekile. Fundi mmoja anatengeneza jigi zote, ndiye huyohuyo, kwa sababu jigi mbili za mafundi wawili hazilingani hata wakiapa. La tatu ni namba. Kila karakana ina namba yake, inagongwa kwa nyundo kwenye mguu wa kitanda kabla ya rangi. Weldingi ikiachia, tunapindua kitanda, tunasoma namba, anayehusika anakwenda na mashine yake shuleni, hakuna kelele. Kitanda kimoja cha sampuli kinabaki shuleni na kingine kinabaki kwetu, vyote vimesainiwa na bursa, ili siku ya kupokea mtu asiseme tulikubaliana kitu kingine.

Pesa zigawanywe kwenye karatasi kabla ya kukubali oda. Mfano wa hesabu: kitanda 280,000 mara 300 ni milioni 84. Mnunuzi akiwa serikali au ni wakala aliyeteuliwa na URA, mamlaka ya kodi ya Uganda, atakata asilimia 6 ya kodi ya zuio kabla ya kulipa, hiyo ni 5,040,000 inaondoka, na kikundi kisichojua hili kinafika mwisho kinadhani mweka hazina ameiba. Kwa kitanda kimoja unabaki na 263,200. Toa chuma na rangi na vifaa 170,000, usafiri 8,000, aliyeleta oda 5,000 (mlipeni, msiseme asante tu, la sivyo oda inayofuata ataipeleka kwingine), sanduku 5,000, karakana inabaki na 75,200 ya kazi, umeme na faida. Dipoziti ombeni asilimia 60, kwa sababu vifaa vya vitanda vyote ni milioni 51 na asilimia 60 ni milioni 50.4. Chini ya hapo ni nyinyi mnaoikopesha shule, na shule italipa ikipata karo.

Karatasi za serikali

Mkifanya oda ya kwanza kwa TIN (namba ya mlipa kodi) ya mtu mmoja mtaona shida haraka. Milioni 84 zote zinaonekana zake, wakati yeye amepata sehemu ya sita tu. Oda mbili kama hizo kwa mwaka ni milioni 168, amevuka milioni 150 na sasa anatakiwa kujiandikisha VAT, kodi ya ongezeko la thamani, na kutoa invoisi za EFRIS, mfumo wa URA wa invoisi za kielektroniki. Nimeona urafiki wa miaka unavunjika kwa hili. Kwa hiyo ukishaona oda zinakuja, hapo ndo jina la kikundi linahitajika. Njia rahisi ya kwanza: katiba fupi ya kurasa mbili tatu, barua ya mwenyekiti wa LC1 (serikali ya kijiji au mtaa), nakala za ndaga muntu, yaani kitambulisho cha taifa, za kila mtu, mnakwenda kwa afisa maendeleo ya jamii wa divisheni au sabukaunti mnasajiliwa kama kikundi cha jamii, na cheti hicho mnakwenda nacho benki kufungua akaunti ya sahihi tatu. Kwa oda kubwa na invoisi nendeni URSB, ofisi ya usajili wa biashara, msajili kampuni na mpate TIN yake. Ushirika kamili unataka watu wasiopungua thelathini, kwa hiyo kwa watu wanane bado.

Pesa za serikali nitasema kwa ufupi. Emyooga, mpango wa serikali wa kuwapa mtaji watu wa kazi za mikono na biashara ndogo, ilianza 2019, na wachomeleaji wamo kwenye orodha yake, SACCO yao (chama cha akiba na mikopo) katika kila jimbo la uchaguzi ilipangiwa milioni 30. Gawanya milioni 30 kwa mafundi wote wa jimbo uone. Inasaidia kama tayari mna kazi na mnahitaji kuongezea chuma. Lakini kikundi kilichozaliwa kwa sababu pesa inakuja, kinakwisha pesa ikigawanywa, hilo nimeliona mtaani kwangu na sitaki ulione kwako.

Sanduku

Hapa mama zetu wametutangulia, nigina na kashi raundi, yaani michezo ya kuchangiana pesa kwa zamu, wamezifanya miaka na miaka. Sisi tunatumia lile sanduku la kufuli tatu, funguo kwa watu watatu, sanduku kwa mtu wa nne. Mtindo huo wa vikundi vya kuweka na kukopa ulianzia Niger mwaka 1991 kwa akina mama wa vijijini, na umefika kila kona ya Uganda kwa sababu hauhitaji benki. Sisi tunakutana kila Jumatatu saa moja na nusu asubuhi, tumesimama, dakika ishirini, kabla grainda hazijawashwa. Kila mtu anaweka, daftari linasomwa kwa sauti, mwenye shida anakopa hapo mbele ya wote. Kuchelewa faini 1,000. Mwezi wa kumi na mbili tunafungua na kugawana, isipokuwa ile 5,000 ya kila kitanda, hiyo haigawanywi, ni ya mashine.

Na mashine ije mwisho, tafadhali. Watu wanapenda kuanza na mashine ya pamoja kwa sababu inaonekana, inapigwa picha. Lakini mashine ina maswali magumu: inakaa kwa nani, Yaka ya nani, nani kavunja kisu. Tulinunua ya kukunja bati mwaka wa tatu. Inakaa kwa mtu ambaye hatengenezi vitu vya bati, huyo hana sababu ya kujipendelea. Ina mita yake. Kila anayetumia analipa kwa saa na anaandika, mwanachama bei moja, mtu wa nje bei ya juu kidogo, na theluthi ya mapato inawekwa kwa ajili ya kuirekebisha. Laini ya umeme ya fezi tatu ombeni mapema sana, kusubiri ni kurefu.

Msijifungie wenyewe kwa wenyewe. Mtandao wetu una thamani kuliko karakana zetu: mwenye depo anayetupigia simu bei ikitaka kupanda, dereva wa lori anayejua njia ya Mpondwe, mpakani na Congo, bursa mmoja aliyetuunganisha na mwenzake wa Mityana, yule mama wa rangi, vijana tuliowafundisha ambao sasa wako Mbale na Gulu. Wateja wa Congo na Juba ni wazuri lakini pesa kwanza mzigo baadaye, hata akiwa rafiki, kwa sababu vita ikianza hakuna mahakama itakayokusaidia. Mzigo unaokwenda nchi za Jumuiya ya Afrika Mashariki usiozidi dola 2,000 ulizia mpakani cheti rahisi cha asili ya bidhaa, ukiwa umetengenezwa huku kweli inakupunguzia ushuru.

Mwisho, andikeni mapema jinsi mtu anavyotoka. Sisi hatukuandika na wa kwanza kuondoka karibu tufike polisi. Sasa iko hivi: anatoa taarifa mwezi mmoja, anamaliza sehemu yake ya oda, anarudisha jigi na ufunguo, akiba yake yote analipwa ndani ya siku 30, sehemu ya mashine hairudishwi, anasaini mbele ya watu watatu, na namba yake ya nyundo haipewi mtu mwingine mpaka waranti ya vitanda vyake iishe. Yule wa kwanza, baada ya yote yale, tulikaa naye tukamalizana vizuri, akaenda kufungua karakana Arua. Mwezi uliopita alipata oda ya mageti iliyomzidi, akatupigia simu sisi, na bomba zote tulipima kwa vernia kabla hatujapakia.